Kiporo

Siku ya tatu ya matanga ya mjomba Mbaraka
sufuria la wali lilibaki barazani, Samail,
toka adhuhuri hata watu wakatoka kuswali Isha,
mfuniko juu, kitambaa juu ya mfuniko,
na joto la Juni limekaa pembeni
kama jamaa asiyejua kuaga.

Mama akaupasha. Moto, alisema, huua kila kitu.

Saa sita za usiku Hilali yuko kifudifudi bafuni,
na Thuwaiba mlangoni akingojea zamu,
na Shafikul, kijana wa Silheti anayetutunzia mitende,
ameinama nyuma ya banda la mbuzi,
anaomba radhi kwa kila tapishi.

Mimi sikula. Kazi yangu maabara.
Alfajiri nilichota wali kijiko kimoja,
nikautia kichupani,
na penye jina la mgonjwa
nikaandika jina la mama.

Kesho yake, juu ya sahani ya damu ya kondoo, wameota:
madoa mapana, ya kijivu, yasiyo na mng'aro,
kama nta iliyodondoka usiku umeme ulipokatika.
Pembeni mwa kila doa damu imeliwa
hata unaona kidole chako upande wa pili.
Na chini ya hadubini, vijiti,
kimoja mkiani mwa chengine, foleni ndefu,
na ndani ya kijiti, kitone kinachometa.
Mbegu.

Hiyo ndiyo iliyomshinda mama.
Mbegu isiyo njaa, isiyo pumzi, isiyo haraka.
Ichemshe: itangoja upoe.
Ianike juu ya majabali miaka na miaka,
tone moja la falaji litaiamsha.
Na sumu, ikishatemwa ndani ya wali,
hata uupashe mara ya pili haitishiki.

"Miye nimepika misiba tangu Ng'ambo," akasema,
"kwa kuni, masufuria ya watu mia mbili.
Hajatapika mtu."
Mama, nikamwambia, Ng'ambo wali ulikuwa haubaki.
Akanyamaza.
Kisha akacheka, kicheko kidogo
cha mtu aliyeshindwa kwa haki.

"Haya. Katokea wapi huyo?"

Nikamshika mkono hadi shambani,
chini ya mtende wa fardhi aliouacha babu.
Nikachota udongo wa kujaa ukucha.
Hapa, nikasema. Kwao hapa.
Kwenye ukucha huu wamo wengi kuliko watu wa Samail,
na ukitaka ongeza Bidbid.
Kuti likianguka, yumo katika wanaolirudisha udongoni.
Wengine wa kabila lake hukaa kwenye ncha ya mzizi
wakiufukuza ukungu unaooza miche.
Ana binamu, wakulima humnyunyizia majani
na viwavi hufa wangali midomo wazi.
Ana binamu mwengine, kimeta,
huyo hata wachungaji hawamtaji usiku.
Ukoo ni ukoo, mama.
Yumo mganga, yumo jambazi,
na yumo huyu wetu, mtu wa kazi zake,
anayeharibikiwa akialikwa ndani.

Aliutazama ukucha wangu muda mrefu.
Mbuzi akalia. Maji ya falaji yakapita na jani la ndimu.
"Basi yeye hana kosa," akasema.
"Kosa langu. Nimempa chumba cha uvuguvugu,
nikamfunika na shuka."

Arubaini ya mjomba ilipofika
alisimama jikoni na mwiko kama askari wa barabarani:
tandazeni kwenye masinia! upoe! friji! nani kaacha hiki?
Wake wa ami wakatazamana.
Wengine wanasema msiba umemgusa akili.

Juzi nimemkuta na Shafikul wakipanda mche mpya,
yeye amepiga magoti, gauni limekunjwa,
anashindilia udongo kwa kiganja kitupu,
polepole, kama anayemlaza mtoto,
na anasema nao chini chini:
kaa hukuhuku, baba. Fanya kazi yako.
Jikoni usije.