Sifongo na Mfongo

Boksi lilifika Moshi saa kumi na moja alfajiri,
limefungwa kamba ya katani, barafu nusu maji.
Shemdoe, mzamiaji, alikuwa ameandika juu ya kifuniko:
"Msimwanike. Hana mifupa, hana macho, ana hasira."

Nilicheka peke yangu, maabara bado ina giza.
Nikamweka mezani: donge la rangi ya ndizi iliyoivia shimoni,
laini kama ini, matundu hayahesabiki,
harufu ya chumvi, na nyuma yake harufu ya kiberiti.

Kiumbe asiyekimbia.
Mwambani alipojishika ndipo atakapofia.
Kaa wanampita, kasa anamchungulia,
vijidudu vinamtambaa usiku na mchana,
naye hana kwato, hana jino, hana pa kujificha.
Asiye na mguu huweka silaha tumboni.

Silaha yenyewe ni ushanga.
Asidi amino moja, ya pili, ya tatu,
hadi ya nane, kisha uzi unageuka
na kuushika mkia wake wenyewe.
Peptidi, tunaiita. Pete isiyo na kidole.
Vimeng'enya vinatafuta ncha vipate kuifumua,
vinazunguka, vinazunguka,
ncha haipo.

Jumapili nilipanda Kibosho kumwona mama.
Kidonda cha mguu wake kina mwaka na miezi miwili;
dawa nne tumejaribu, usaha unazicheka.
Nikamweleza kazi yangu. "Sifongo," nikasema.
"Mfongo?" akashtuka. "Umeziba tena?"
"Si mfongo, mama. Sifongo. Mnyama wa baharini.
Hukaa pale pale, maji yakampita mwilini,
akachuja, akabakiza chake, akayaachia yaende."
Akanitazama kama mtu anayedanganywa bei sokoni.
"Basi ni mfongo," akasema,
akarudi kumenya mshare.

Neno hilo nilishuka nalo mpaka mjini.
Maji yetu, yakishanywesha migomba na kahawa,
humwagikia Karanga, huingia Weruweru,
hulala Nyumba ya Mungu, huamkia Pangani,
ndipo yaonje chumvi. Na huko chini, kwenye giza,
yupo anayeyapokea bila kungoja zamu,
bila kugombana na jirani wa juu.

Jumatano umeme ulikatika, tukawasha jenereta.
Aminieli akatoa sahani kwenye kabati la joto.
Vijidudu vile vile nilivyovifuta kwa pamba mguuni pa mama
vilikuwa vimetanda sahani nzima kama ukungu wa Julai,
isipokuwa katikati: duara tupu, safi,
milimita kumi na saba. Nilipima mara tatu.
Hakuna aliyepiga kelele. Aminieli alivua miwani,
akaifuta, akaivaa tena.

Ijumaa tukaijaribu kwenye damu.
Damu nayo ikapasuka, chembe kwa chembe,
ikabaki sharubati ya rosela ndani ya mrija,
nyekundu, angavu, nzuri kutazama.
Asiye na macho
hajui adui wala mgeni.

Kazi iliyobaki ndiyo hiyo: kuchomoa ushanga mmoja,
kutunga mwingine, kufunga pete upya, kupima upya,
miaka labda kumi, labda mimi nitakuwa nimestaafu
na kidonda kitakuwa cha mama wa mtu mwingine.

Sikumwambia. Nilimpelekea bandeji na asali.
Nilimkuta mfongoni, mguu mbovu juu ya jiwe,
akizibua majani kwa ncha ya jembe.
"Usitie kidonda majini," nikasema.
"Sitii," akasema, hakugeuka.
"Nayafungulia tu. Yanakwenda kwa yule rafiki yako."