Mche

Walikuja Jumanne, ukungu bado umelala juu ya migomba,
vijana wanne, buti mpya, rangi nyekundu kwenye kopo la maziwa.
Wakagonga vigingi kutoka nyuma ya choo changu
hadi mtoni, wakasema: hapa utapita umeme mkubwa.
Wakasema: mama, usihofu, ardhi inabaki yako.
Naweza kujenga?
Hapana.
Naweza kupanda parachichi?
Hapana. Viazi, maharage, vitu vya chini.
Sasa yangu ni ipi, baba? Hii inayoishia magotini?
Wakacheka. Na mimi nilicheka. Nikawapa chai.

Mthamini alikuja baada ya wiki mbili, peke yake,
Bwana Ndimbo, daftari lake limevishwa nailoni;
amekwisha kuijua mvua ya Kyimo.
Alihesabu haraka, kama mtu anayehesabu hela za wenzake:
migomba sitini na mbili,
kahawa kumi na tisa,
bafu la matofali mabichi, moja,
kaburi, moja.
(Hapo alivua kofia. Kwa hilo, ndaga.)
Kisha akafika kwenye mparachichi
alioupanda Ambakisye mwaka aliopunguzwa mgodini.
Akautazama. Akaandika: mche.

Mche!
Mti uliomlipia Tusekile ada ya vidato viwili,
msimu uliopita ukajaza kreti ishirini na moja
na tawi moja likavunjika kwa kushiba.
Mche ni kitu unachobeba kwenye kopo.
Mche mbuzi anaumaliza akiwa njiani kwenda kwingine.
Mche hulipwa elfu chache;
mti hulipwa miaka.

Akanisogezea fomu na kidau cha wino: weka dole hapa.
Najua kusoma, nikasema, nikasoma.
Nusu ya ukurasa ilikuwa tupu.
"Hapo tutajaza ofisini."
Baba, mimi hata chai sinywi
kwenye kikombe ambacho sijakiona ndani.

Usiku Tusekile alinisomea sheria kwenye simu,
chaji asilimia sita, maneno yanashuka mazito kama magunia:
fidia kamili, ya haki, kwa wakati.
Haki ya kupewa nakala.
Haki ya kupinga.
Rudia hilo la mwisho, nikamwambia.
Akarudia. Simu ikazima.

Waliukata kabla sijajibiwa.
Sikulala mbele ya msumeno, sikupiga yowe.
Nilimwomba kijana kitu kimoja tu:
anikatie kipande cha shina, kama anavyokata mkate.
Akakata. Kilikuwa kipana kuliko sinia la harusi.

Nikakifunga kwenye kitenge, nikapanda bodaboda hadi Tukuyu
nimekikumbatia kama mgonjwa.
Ofisi ya ardhi, mlango wa tatu.
Nikakitua mezani, kalamu zikaruka.
"Huu ndio mche wangu," nikasema. "Nipimieni."
Dada wa pale hakunijibu.
Alichukua rula. Rula ikaisha.
Akaiweka tena pale ilipoishia.

Nimeandika pingamizi, nakala tatu, kila moja na mhuri wake.
Mwezi wa saba huu.
Nguzo imesimama, miguu yake minne ndani ya viazi vyangu,
na mvua ikinyesha usiku nyaya zinavuma
kama mtu anayesoma moyoni, hajui kwamba anasikika.
Sizichukii. Mbeya ikiwaka, na iwake.
Walipewa njia. Kalamu yangu hawakupewa.

Kipande bado kiko kule ofisini.
Nasikia mhudumu amekifanya cha kuwekea birika,
na kila mgeni anayemiminiwa chai
huinama akakitazama, akauliza: hiki nacho nini?
Naye hujibu kama ilivyoandikwa:
mche.