Kadi Isiyoandikwa

Chini ya maktaba ya Burnley kuna chumba
chenye kuta zilizovishwa sponji,
na humo kila Jumanne Thirza Ollerenshaw
huwasomea wasioona
kwa sauti iliyokwaruzwa na chai na miaka sabini na mitatu.

Kadi zilikuwa kazi ya mumewe.
Wilf, msoma mita za gesi,
aliyeacha shule akiwa na miaka kumi na minne,
alitangulia kukipita kila kitabu, penseli sikioni,
akiokota maneno yenye mitego.

Victuals: sema vitoz. Ni chakula tu.
Hiyo c imelala, na u imelala. Usiziamshe.
Phthisis: sema thaisis. Kifua kikuu.
Wanne wanabisha hodi, sauti inayoingia ni moja.
Awry: a-RAI. Kwenda kombo.
Hapa alichora uso unaocheka,
maana mwenyewe alilitamka ori
siku ya harusi, katika hotuba,
mbele ya wajomba wa bibi harusi,
na shemeji mmoja alikwenda nalo hadi kaburini.

"Kwa nini waandike wasichokisema?"
Thirza aliuliza hivyo kila mwaka.
Lugha hii, alijibu Wilf, ni nyumba ya urithi:
hakuna anayethubutu kukitupa kiti cha babu,
hata kama hakikaliki.

Tangu Februari kadi hazipo.
Thirza anajitegemea, kamusi mapajani,
na leo, ukurasa wa mia mbili na sita, amekwama.
Mwanamke wa kitabuni anafunga mlango, anaondoka,
anaiacha nyuma yake slough ya miaka arobaini.

Slough.
Ukisema slau, ni tope,
lile linalomeza buti na kudai mguu.
Ukisema slaf, ni gamba
alilojivua nyoka akaliacha juu ya jiwe,
bado lina umbo lake, bado lina macho.
Herufi zile zile sita, bila hata nukta ya kuzitenga.
Kamusi inatoa zote mbili, kisha inanyamaza.
Mwandishi alishakufa, wala hakuulizwa.

Nyuma ya kioo Priyesh anainua kidole: vipi?
Mashine inarekodi pumzi.

Thirza anahesabu arobaini na sita yake:
soksi mbichi juu ya hita,
mita za mji mzima kichwani mwa mtu mmoja,
kikohozi kilichogonga ukuta usiku,
na yeye akigonga pia, kwa hasira, upande wa pili.
Tope lilikuwepo. Asimdanganye mtu.
Kuna majira ya baridi aliyoyavuka kwa magoti.
Lakini tope halijui kipimo cha mtu.
Gamba liliwahi kumkaa.

Anaivuta maikrofoni.
"Slaf," anasema,
na ile f inatoka ndefu kuliko inavyostahili,
kama anayepuliza mshumaa
huku akitamani usizimike.

Priyesh anaandika dakika na sekunde. Wanaendelea.

Kuna mtu huko Todmorden
atalisikia akimenya viazi kwa kupapasa,
asijue kwamba hapo palikuwa na njia panda,
wala nani hakuwepo kuionyesha.