Mfa-Kwanza

Kibaigwa, banda la mabati nyuma ya soko la mahindi,
mia mbili mlangoni, magunia madirishani kuzuia jua.
Mimi nilikuwa wa kufagia, niliingia bure,
kwa hiyo nilimwona kuliko wote.

Mfilipino, mfupi, jino moja la mbele halipo,
paji la uso la mtu aliyekumbuka deni.
Mara ya kwanza alikuwa mlinzi wa ghala:
akawasha sigara, akageuka, risasi.
Hakuivuta hata pafu moja.
Tukamwita Mfa-Kwanza.

Kanda nyingine, dereva. Gari likalipuka.
Nyingine, muuza samaki: kisu kilikuwa cha mtu mwingine,
kikapitia kwake njiani.
Safari moja alivaa kanzu ya padri, tukapiga makofi,
tukidhani leo kapona,
lakini akaenda kufungua mlango wa sakristia.

Ndahani ndiye aliyetutafsiria,
maikrofoni kaifunga kwa mpira wa baiskeli.
Lugha ya kule aliijua kama ninavyoijua mimi,
yaani hakuijua.
Steringi alimpa Kiswahili cha taarifa ya habari.
Mfa-Kwanza alimpa Kigogo.
Bastola puani, mikono juu, anasema:
"Mbukwenyi! Jamani, nyumbani kuna ng'ombe hajakamuliwa."
Banda linaanguka kwa kicheko
na yeye anaanguka kwa risasi,
goti kwanza, halafu bega,
akichunga asimzibe steringi.

(Hilo la kuchunga nililiona baadaye,
nilipoanza kupakia magunia kwenye malori
na kujifunza kuanguka nayo bila kuvunja mtu.)

Kanda zikawa sidii. Nywele zake zikaingia majivu.
Wakaanza kumlaza kitandani, baba mgonjwa,
mto chini ya kichwa, binti wa kumlilia,
na kifo cha dakika nzima, cha peke yake.
"Kapanda cheo," alisema mama Mazoya muuza karanga,
na hakucheka.

Jina lake? Maandishi ya mwisho hatukuwahi kuyaona.
Petroli ilikuwa ghali.
Steringi akishamkumbatia mchumba, Ndahani anazima jenereta.

Usiku mmoja Ndahani alishikwa na homa, swichi akaniachia mimi.
Watu wakatoka wakikung'uta vumbi.
Nikaiacha mashine ingurume.
Majina yakapanda, meupe, mengi,
kama kumbikumbi mvua ya kwanza ikishapiga.
Lake lipi? Mlinzi? Dereva? Baba?
Nikayasoma yote, kwa sauti, mbele ya mabenchi,
nikiyavunja kwa ulimi wangu wa kwetu,
nisimruke,
mpaka mafuta yakakata nikiwa katikati ya mtu.

Kesho yake Ndahani alinikata mia tano.