Fungu Nyuma ya Tangi

Bwana afya anakuja Jumatano,
kaagiza uwanja wa zahanati ung'ae kama sahani.
Nami nimefagia, tangu alfajiri nimefagia:
majani ya mkwaju, ya mzambarau,
ya mzabibu uliokufa kwa kiu,
na upepo wa Hombolo, kibarua asiye na mshahara,
ukanirudishia yote miguuni.

Fungu la nyuma ya tangi sikulichoma.
Kiberiti nilikuwa nacho. Nilikuwa nimeshachuchumaa.
Tangi linavuja pale, tone kwa tone,
majani ya chini yamelainika, meusi,
yananuka kama kisima kilichofunikwa.
Nikaona kipande cha jani kinatembea.

Kiwavi. Mwembamba kama uzi wa kushonea,
kajishonea koti la vibanzi na mavi yake mwenyewe,
kichwa nje, kiwiliwili ndani,
anatafuna.
Nikatega sikio. Kimya.
Jani limebaki mishipa, chujio la kuchujia mwanga.

Nikamwita Nesi Nyemo. Akasema, "Dudu. Choma."
Lakini dudu huyu hagusi mtama wa mtu,
ghalani haingii, sufu haijui.
Kijani chote cha masika kilipita juu yake,
kikaliwa na mbuzi, kikaliwa na panzi,
nasi tukakichuma mlenda;
yeye akangoja kianguke.
Chakula chake hakigombaniwi.

Mimi nilivaa nguo za marehemu dada yangu miaka minne.
Najua mtu anavyoweza kukua
ndani ya kilichoachwa.

Bwana afya alikuja, akapima uwanja kwa macho,
akazunguka mpaka kwenye tangi.
"Na hii takataka?"
"Mbolea," nikasema.
Akaandika kitu. Sijui kama aliandika mbolea.

Wiki ya tatu, usiku, binti wa Msanjila kajifungua,
taa ya sola inameta kwa kusitasita,
Nesi Nyemo kafungua daftari la wazazi.
Nondo akatua juu ya karatasi:
mdogo, ungemfunika kwa kumvi la uwele,
rangi ya majivu,
ndiyo majivu pekee ya fungu lile.

Nyemo akainua kiganja.
Mtoto akapiga chafya, ya kwanza duniani.
Kiganja kikakaa hewani, kikashuka taratibu,
kikashika kalamu.
Akaruka mstari mmoja,
akaandika chini yake.