Kiwiko cha Nergui

Kaanguka farasini, theluji haijayeyuka,
mtoto wa miaka saba, Nergui,
jina ambalo kwao maana yake ni Hana-jina,
ili mabaya yakija kumwita yasimjue.
Farasi hakuhitaji jina.

Nyanyake, Dulmaa, kambebea mkono kama yai.
"Kunja kidogo. Usipumue. Basi."
Kisha picha ya pili, ya ubavuni,
maana kiwiko kikitazamwa usoni hudanganya.

Mfupa mzima, mweupe,
shahidi aliyefundishwa la kusema.
Daktari wa zamu, simuni kutoka Ulaanbaatar, anapiga miayo:
"Sioni ufa. Mwache aende."

Lakini nyuma ya mfupa,
pale ambapo mzima haonyeshi kitu,
mafuta yamesukumwa na damu:
wingu jeusi, dogo kama ukucha.

Dalili ya mvua.

Nalowesha plasta. Bibi anauliza, kavunjika wapi?
Namwonyesha wingu.
Analitazama kitambo, mtu wa nyika,
haulizi tena.
Anamvika mjukuu koti, mkono mmoja nje,
anafunga vifungo
hadi kidevuni.