Sikio la Panya

Afisa alilitaja jina lake kwa kunong'ona,
kama anayetaja ugonjwa mbele ya mgonjwa:
salvinia.
Kangaga la majini, akaongeza, mgeni kutoka mito ya Brazili.
Sisi wa Usinge tulikuwa tumekwisha kulibatiza:
sikio la panya.
Litazame. Limejikunja katikati,
lina malaika kama mkono wa kichanga,
tone likidondoka juu yake linabingirika,
jani halilowi.

Lilivyofika Sagara hakuna ajuaye.
Labda lilikuwa pambo, ndani ya bakuli la kioo
la mtu mwenye samaki wa rangi,
akalichoka, akalimwaga mtaroni.
Kufikia masika ya pili ungeweza kudhani ziwa ni uwanja.
Ndama wa Ntabaye alidhani hivyo.

Nilipewa kazi kwa kuwa najua kuandika
na kwa kuwa migono yangu haikuwa tena na pa kutegwa.
Ndoo ya rangi, daftari, kalamu ya bluu.
Jumatatu: majani kumi.
Jumatatu iliyofuata: ishirini na moja.
Ya tatu nilifika thelathini na nane, mvua ikanikimbiza,
nikaandika: mengi.
"Mengi si namba, mama."
Nikamwonyesha ziwa.

Lakini yaliyonikosesha usingizi hayakuwa na safu daftarini.
Kwamba hili halina ua.
Kwamba mbegu halijui.
Kwamba kule chini, unapoona mzizi,
ule mweusi, wa nyuzinyuzi, unaoshika tope,
si mzizi. Ni jani la tatu
lililokubali kuzama ili mawili yakae juani.
Afisa alinieleza hayo akitafuna muhogo wa kuchoma,
kisha akaendelea na habari za posho.
Mimi nilishika ubavu wa mtumbwi.

Na ukilikata halifi, linakuwa mawili.
Tulilivuta kwa reki, kwa nyavu kuukuu, kwa mikono,
na kila tulipolivunja tulilipanda.

Mihambo aliponirudisha kwetu,
mimi na magunia mawili na jiko la mkaa,
shangazi yake alisimama mlangoni akasema
asiyezaa hupita kama moshi.
Wakati ule sikuwa na cha kumjibu.
Sasa ningemletea ndoo.

Mwaka wa tatu wakaletwa fukusi.
Weusi, kila mmoja kama punje ya ulezi,
ndani ya mkebe wenye matundu ya kupumulia.
"Wametoka kule kule," afisa alisema,
"hawali kingine. Mpunga hawaugusi."
Watu wa kwao, basi.
Tumezoea kuambiwa kikulacho ki nguoni mwako;
hiki kilikatiwa tiketi ya ndege.

Walikula bila kelele.
Kijani kikawa kahawia, kahawia kikawa harufu,
kisha asubuhi moja, kati ya mafunjo,
maji yakafunguka, upana wa mkeka,
na ndani yake palikuwa na wingu.
Ntabaye alipiga vigelegele peke yake, mwanamume mzima.
Mgono wangu wa kwanza ulirudi na kambale mmoja, mwembamba,
tukamla kwa mawese kana kwamba ni harusi.

"Limekwisha?"
Nikaandika sifuri. Sifuri ni namba, akafurahi,
akanipa mkono na bahasha, akapanda treni ya usiku.

Nao fukusi?
Hakuna aliyenituma kuwahesabu.
Nilimkuta mmoja kwenye ukingo wa ndoo tupu,
akizunguka, akifika alipoanzia,
akizunguka tena.

Nilikuwa na jani moja.
Nilikuwa nimelificha kwenye beseni, nyuma ya gunia la mkaa,
nalo lilikuwa limeanza kuchipua ubavuni.
Nilikaa katikati yao mpaka mafuta ya taa yakaisha,
na afisa hajui hadi leo
nilimwonea huruma nani.